Muziki uliotangulia picha zake

Kati ya Oktoba 1929 na Februari 1930 Arnold Schoenberg alikuwa Berlin akitunga muziki wa filamu ambayo haikuwapo. Haikuwa imepotea, wala haikuwa imeahirishwa. Hakuna aliyekuwa ameiwaza. Kampuni ya uchapishaji ya Heinrichshofen, ya mjini Magdeburg, ilizoea kuyauzia majumba ya sinema nota za muziki wa kusindikiza filamu bubu, na ilimtaka naye aandike kitu cha aina hiyo. Akaandika kipande cha okestra cha dakika tisa hivi. Hakina hadithi, hakina wahusika, hakina mandhari. Kina maneno machache tu ya kuongoza: hatari inayonyemelea, hofu, maangamizi.

Kimetungwa kwa mfumo aliouasisi mwenyewe, ambamo sauti zote 12 za ngazi ya muziki zina haki sawa na hakuna hata moja iliyo nyumbani, pale sikio linaporudi kupumzika baada ya kuzunguka. Sisi tuliolelewa na taarabu, kwaya na dansi huusikia kwanza kama fujo. Mimi niliusikia hivyo. Katika taarabu ya Unguja jioni hufunguliwa na bashrafu, ala tupu bila mwimbaji, na kila aliyeketi anajua kwamba baada yake atasimama mtu aimbe. Muziki huu wa Schoenberg nao unafungua kitu, ila unapokwisha bado hujui ni nani aliyekuwa anakuja.

Mwaka 1972, miaka 42 tangu wino wa nota zile ukauke, watu wawili wakaupa filamu. Jean-Marie Straub na Danièle Huillet, mume na mke, Wafaransa waliokuwa wamehamia Roma, waliitengenezea televisheni ya Südwestfunk ya Baden-Baden filamu ya robo saa hivi. Jina lake kwa Kijerumani ni refu: "Einleitung zu Arnold Schoenbergs Begleitmusik zu einer Lichtspielscene", yaani utangulizi wa muziki wa Arnold Schoenberg wa kusindikiza tukio la sinema. Neno la kuangaliwa ni lile la kwanza. Wawili hawa hawakudai kwamba wameileta ile filamu iliyokosekana tangu 1930. Walileta utangulizi, na filamu yenyewe wakaiacha pale ilipo, katika yale ambayo mtazamaji tayari anayajua.

Ukiitazama kwa haraka utaona kama haina kitu. Straub anasimama kwenye baraza ya ghorofani, Roma, akieleza muziki huu umetoka wapi. Mtu mmoja anakaa studioni mbele ya kipaza sauti anasoma barua. Huillet yuko nyumbani, paka mapajani, anasema maneno machache. Mtu mwingine anasoma hotuba. Halafu inakuja picha ya zamani ya maiti ndani ya majeneza, halafu ndege zinazomwaga mabomu, halafu kipande cha gazeti. Imekwisha. Hakuna mwigizaji, hakuna kamera inayotembea kambini kwa huzuni, hakuna fidla inayokulazimisha ulie. Nimeiona mara nyingi, na kila mara nilibaki nimekaa nikiwa na hasira kuliko huzuni, jambo ambalo filamu nyingi kuhusu maangamizi ya Wayahudi hazijawahi kunifanyia.

Sababu, naamini, iko katika mahali walipochagua kuanzia. Schoenberg anao utunzi mwingine ambao mtu yeyote angeuchukua kwa filamu kama hii: "Manusura wa Warsaw" wa mwaka 1947, wenye msimulizi, kwaya ya wanaume na sala ya Kiebrania. Huo ni muziki wa baada ya msiba, wa kulia waliokufa. Straub na Huillet waliupita wakaenda kwenye kazi ya 1930, na kutoka hapo wakarudi nyuma zaidi hadi barua za 1923. Kumbukumbu yao haianzii kaburini. Inaanzia kwa mtu aliyejua mapema, akasema, akiwa na akili timamu na anwani ya kudumu, na waliomsikia walikuwa marafiki zake.

Tuzisimulie barua hizo, maana ndizo uti wa mgongo wa filamu. Schoenberg na mchoraji Wassily Kandinsky walikuwa wanapendana. Januari 1911 Kandinsky alihudhuria tamasha la muziki wa Schoenberg mjini Munich, akatoka hapo na picha kichwani. Mchoro wake wa njano na weusi wa piano unaokaa leo makumbusho ya mji huohuo ulizaliwa usiku ule. Wakaandikiana, wakatembeleana, mmoja akitafuta njia mpya katika rangi na mwenzake katika sauti. Vita Kuu ya Kwanza ikawatenganisha. Kufikia 1923 Kandinsky alikuwa mwalimu wa chuo cha Bauhaus mjini Weimar, chuo cha sanaa na usanifu kilichosifiwa kuwa cha kisasa kuliko vyote Ulaya. Akamwandikia rafiki yake aje Weimar aongoze shule ya muziki.

Katikati ya hapo kuna jambo Schoenberg lilikuwa limempata. Alikuwa amezaliwa Vienna mwaka 1874 katika familia ya Kiyahudi, akabatizwa Mprotestanti mwaka 1898, akajihesabu kuwa mrithi wa watunzi wa Kijerumani Bach na Brahms, Mjerumani wa muziki hadi kwenye mifupa. Kiangazi cha 1921 alikwenda na familia yake kupumzika Mattsee, karibu na Salzburg. Wenye mji wakatangaza kwamba Wayahudi hawatakiwi. Cheti cha ubatizo hakikusaidia kitu. Aliondoka na mizigo yake kama mtu aliyekutwa kwenye nyumba isiyo yake. Ndipo, mwaliko wa Weimar ulipofika, akawa amesikia pia kwamba ndani ya Bauhaus wamo wanaowasema Wayahudi vibaya, Kandinsky akiwa miongoni mwao.

Jibu lake la Aprili 1923 linasema amelielewa somo alilolazimishwa kujifunza na hatalisahau: kwamba yeye si Mjerumani, si Mzungu, labda hata binadamu si sana, yeye ni Myahudi. Kandinsky akajaribu kumtuliza, kwamba yeye anaheshimiwa, kwamba urafiki uko palepale. Barua ya pili, ya tarehe 4 Mei, ndiyo ninayoirudia mara kwa mara. Schoenberg anakataa kufanywa wa pekee. Anamwuliza rafiki yake: akitembea barabarani na kila mtu akimkagua uso kuona kama ni Myahudi au Mkristo, amweleze kila mmoja wao kwamba yeye ndiye yule ambaye Kandinsky amemtoa kwenye orodha? Ingawa yule Hitler, anaongeza, haoni hivyo. Mei 1923! Miezi sita kabla ya Hitler kujaribu kuipindua serikali huko Munich, wakati ambapo nje ya Bavaria wengi hawakuwa na haja ya kulijua jina lake. Kisha linakuja swali: chuki dhidi ya Wayahudi itaishia wapi kama si katika vitendo vya ukatili? Ni vigumu hivyo kuliwaza jambo hili?

Wahenga walisema dalili ya mvua ni mawingu. Yeye aliyaona mawingu, akayataja kwa jina, akayapeleka kwa posta. Kwa hiyo kila mara Mjerumani wa kizazi kile alipojitetea kwamba hakujua, barua hii ilikuwa mahali fulani, imekwisha kusomwa. Filamu haimwambii mtazamaji jambo hili. Inamsomea barua, basi.

Na inasomwa vipi! Sauti haipandi wala haishuki. Msomaji hamwigizi Schoenberg, hafanyi kana kwamba uchungu ni wake. Wapo waliolalamika kwamba usomaji wa namna hii ni mkavu, kwamba unamfukuza mtazamaji. Nakataa. Mwigizaji akiisoma barua ile kwa machozi, nitayatazama machozi yake na kumsifu. Nikisomewa kama inavyosomwa hati mahakamani, nalazimika kuyabeba maneno yenyewe. Mtu anayesoma ni Günter Peter Straschek, naye hakuokotwa njiani. Ni mtengeneza filamu kutoka Austria, aliyekuwa katika kundi la kwanza la wanafunzi wa chuo cha filamu cha Berlin Magharibi mwaka 1966 na kufukuzwa huko kwa ajili ya siasa, na maisha yake mengi aliyatumia kuwatafuta watu wa sinema waliokimbia Ujerumani ya Hitler, mmoja baada ya mwingine, wenye majina makubwa na wasiojulikana. Mwaka 1975 televisheni ilionyesha mfululizo wake kuhusu wakimbizi hao. Anayesoma hotuba ni Peter Nestler, mtengeneza filamu wa Kijerumani aliyehamia Uswidi mwaka 1966 baada ya kunyimwa nafasi ya kufanya kazi kwao. Straub mwenyewe alizaliwa Metz mwaka 1933. Wajerumani walipouteka mji huo 1940 alilazimishwa kusoma kwa Kijerumani. Mwaka 1958 alikataa kwenda kupigana Algeria akakimbilia Ujerumani Magharibi, na Ufaransa ikamhukumu kifungo akiwa hayupo. Barua ya mtu aliyefukuzwa inasomwa na watu ambao nao wamefukuzwa, na sidhani kwamba hilo lilitokea kwa bahati.

Hotuba anayosoma Nestler ni ya Bertolt Brecht, mshairi na mwandishi wa tamthilia wa Kijerumani, aliyoitoa Paris mwezi Juni 1935 mbele ya mkutano wa kimataifa wa waandishi. Hapa ndipo nina ugomvi na filamu.

Brecht anawaambia waandishi wenzake kwamba haitoshi kulia juu ya ukatili. Ukatili una shina, na shina hilo ni uhusiano wa mali, nani anamiliki na nani hamiliki. Kwa mpangilio wa filamu, hotuba hii inakuja kama jibu la barua. Schoenberg ameona hatari lakini haelewi inatoka wapi, Brecht anamweleza. Nimejaribu kulikubali jambo hili na limenishinda. Kwanza, Schoenberg hakuwa mjamaa na asingekubali kusemewa hivyo. Katika barua ileile ya Mei 1923 anasema Lenin na Trotsky wamemwaga mito ya damu. Pili, na hili ndilo zito zaidi, uhusiano wa mali hauelezi Mattsee. Wale waliomtaka aondoke hawakuwa mabwana wa viwanda. Walikuwa wenyeji wa kijiji cha kitalii waliokubali kupoteza kodi ya mgeni ili wasimwone Myahudi ufukweni mwao. Walikuwa tayari kulipia chuki yao. Chuki ya namna hiyo ina maisha yake yenyewe, na Schoenberg, aliyekuwa na hofu tu na hana nadharia, aliijua kuliko Brecht.

Lakini sitaki kumtupa Brecht nje. Mtu akiutazama mji wa Weimar, aliokuwa anaitwa Schoenberg kwenda kufundisha, atakuta kwamba mwaka 1937 kambi ya mateso ya Wanazi ya Buchenwald ilijengwa kwenye kilima cha Ettersberg juu ya mji huo. Na kilomita kama 20 kutoka hapo, Erfurt, kulikuwa na kampuni ya Topf und Söhne iliyotengeneza matanuri ya kuchomea maiti ya Buchenwald na ya Auschwitz. Ilituma mafundi, ikatoa dhamana, ikadai malipo yaliyochelewa. Huko maneno ya Brecht juu ya mali na faida yanasimama barabara. Chuki ilitoa amri, na biashara ikapokea oda. Filamu ingekuwa na nguvu zaidi kama ingeziacha sauti hizi mbili zibishane, badala ya kuipa moja neno la mwisho.

Baada ya Brecht zinakuja picha zenyewe, na baada ya kunyimwa picha kwa muda mrefu kiasi hicho jicho linazipokea kwa njaa. Ya kwanza ni ile picha maarufu ya mwaka 1871 ya wapiganaji wa Komuni ya Paris, uasi wa watu wa mji huo, waliouawa, maiti 12 katika majeneza wazi, safu mbili, inayohesabiwa kuwa ya mpiga picha Disdéri. Nyuso zao ni za watu unaoweza kukutana nao sokoni. Halafu ndege za B-52 za Marekani, mabomu, ardhi ya Vietnam ikipasuka. Mwaka 1972 vita hivyo vilikuwa vinaendelea. Kwa mtazamaji wa Baden-Baden hiyo ilikuwa taarifa ya habari ya jioni ileile. Muziki wa 1930 ulioandikiwa hatari, hofu na maangamizi sasa una cha kusindikiza, na hakuna hata picha moja ya kambi. Wawili hawa hawakukubali kuzitumia maiti za Auschwitz kama pambo la muziki, na kwa hilo nawaheshimu sana.

Hata hivyo mtu anayeitazama akiwa Mwafrika wa Mashariki ataona tundu. Kutoka Paris 1871 filamu inaruka moja kwa moja hadi Vietnam 1972, na katikati ya ruko hilo kuna ukatili wa Wajerumani wenyewe ambao haukufanyika Ulaya: amri ya jenerali Lothar von Trotha ya kuwaangamiza Waherero wa Namibia mwaka 1904, na njaa iliyoletwa kwa makusudi kusini mwa Tanganyika kuizima Majimaji kati ya 1905 na 1907. Sidai kwamba filamu ya robo saa ingebeba kila kitu. Nasema tu kwamba hoja ya wenye filamu, kwamba ukatili una nasaba, ilihitaji kiungo hicho kuliko ilivyohitaji Vietnam.

Na kiungo hicho kilikuwa Berlin, miezi ileile. Mwaka 1929, Schoenberg akiwa kwenye meza yake, alifika katika mji huo kijana mzaliwa wa Dar es Salaam, Bayume Mohamed Husen, aliyekuwa amezaliwa 1904 na kuwa askari mtoto katika jeshi la Wajerumani kwenye Vita Kuu ya Kwanza. Alikuja kuidai Wizara ya Mambo ya Nje mshahara wake na wa marehemu baba yake, naye akaambiwa amechelewa. Akabaki. Alifanya kazi ya kuhudumia mezani, akafundisha Kiswahili kwenye chuo cha lugha za mashariki, na akawa anaonekana kwenye filamu, nyingi zikiwa na sehemu ndogo isiyo na jina, mtumishi au mpagazi, mtu mweusi anayepita nyuma ya shujaa. Ya mwisho ilikuwa filamu ya 1941 ya kumtukuza Carl Peters, mwasisi wa koloni la Wajerumani Afrika Mashariki. Mwaka huohuo alikamatwa kwa kuwa na uhusiano na mwanamke wa Kijerumani, akapelekwa kambi ya Sachsenhausen bila kesi, na tarehe 24 Novemba 1944 akafia humo. Tangu 2007 liko jiwe dogo la shaba lenye jina lake mbele ya nyumba aliyokaa, Brunnenstraße, Berlin. Nikiusikiliza muziki wa Schoenberg wa filamu isiyokuwapo, mara nyingi namfikiria yeye, aliyekuwapo kwenye filamu nyingi na asionekane.

Schoenberg mwenyewe aliondoka Berlin Mei 1933, Chuo cha Sanaa cha Prussia kilipokwisha kutamka kwamba hakimtaki Myahudi. Julai mwaka huo, akiwa Paris, alirudi rasmi kwenye dini ya Kiyahudi aliyoiacha miaka 35 kabla, na Oktoba akavuka kwenda Marekani, alikokaa hadi kufa mwaka 1951.

Imebaki picha ya mwisho ya filamu, kipande cha gazeti. Mtu asiyeijua habari yenyewe anaweza kuiona kama kiambatisho, kitu kilichosalia mezani. Ni taarifa ya mahakama ya Vienna, mji wa Schoenberg: wasanifu majengo wawili, Walter Dejaco na Fritz Ertl, waliofanya kazi katika ofisi ya ujenzi ya Auschwitz, wameachiwa huru. Hukumu ilitoka Machi 1972, mwaka uleule wa filamu. Walikuwa wameshtakiwa kwa michoro, kwa vipimo vya kuta na milango, kwa sahihi zao chini ya ramani. Dejaco alihusika na majengo ya matanuri. Ertl alikuwa kwenye meza iliyochora mpango wa kwanza wa Birkenau, sehemu ya Auschwitz, mwezi Oktoba 1941. Baraza la mahakama halikuona hatia.

Straub na Huillet wanakionyesha kipande hicho bila kusema neno, na sijui kama walifahamu habari moja zaidi inayokaa nyuma ya jina la pili. Fritz Ertl aliusomea usanifu wake Bauhaus. Aliingia mwaka 1928, chuo kilipokuwa kimehamia Dessau, akatoka na stashahada mwaka 1931. Kandinsky alikuwa bado anafundisha huko.